Hukumu mkononi, mlango umefungwa

Kwenye mkutano uliopita mmoja wetu alikuja na karatasi ndani ya mfuko wa plastiki. Ilikuwa hukumu ya tribinali: arudishwe kazini na alipwe mishahara yake. Alikuwa amefukuzwa akiwa na mimba ya miezi sita. Alipoipeleka hukumu kazini, mlinzi wa mlangoni alimwambia, "Mama, patroni amesema usiingie." Akatuuliza: basi tribinali ni ya kazi gani?

Tulimpeleka kwa avoka mmoja, na tuliyoyasikia yanawafaa wengi.

Sheria ya Kazi ya mwaka 2002, kifungu cha 62, inakataza kumfukuza mtu kwa sababu ya mimba, kuzaa, ndoa au mzigo wa jamaa. Kifungu cha 63 kinasema aliyefukuzwa bila sababu ya haki arudishwe. Asiporudishwa, tribinali inampangia fidia isiyopita mishahara ya miezi 36. Angalieni vizuri lile neno "asiporudishwa". Hapo ndipo patroni anapopenyea.

Wenye ndugu Nairobi watasema kule patroni anafungwa. Kweli, yanaweza kufika huko. Mahakama ya kazi ya Kenya inaweza kuamuru mtu arudishwe kama haijapita miaka 3 tangu afukuzwe, na mkubwa asiyetii anaitwa mbele ya hakimu aeleze kwa nini asitiwe gerezani kwa kuidharau mahakama. Lakini Kenya walirithi sheria za Waingereza, sisi za Wabelgiji. Kwetu hakimu akiisha kutoa hukumu, hamfuati patroni nyumbani. Wewe uliyeshinda ndiwe unayeikimbiza ile karatasi.

Unaanzia kwa karani wa tribinali, akupe nakala yenye muhuri wa kutekeleza. Ile ya kawaida, ambayo mwenzetu alikuwa nayo mfukoni, haitoshi. Halafu unaikabidhi kwa wisie, mjumbe wa sheria. Yeye anaipeleka kwa patroni na kuandika siku aliyoipokea. Patroni akinyamaza, wisie anaweza kuzuia pesa zake zilizo benki, kwa kufuata sheria za OHADA, ambamo nchi yetu iliingia mwaka 2012. Patroni aliyeweka mlinzi mlangoni hana mlinzi benki.

Lakini pesa za benki zinazuiwa kwa deni la pesa. Kumlazimisha mtu akufungulie ofisi ni jambo lingine. Kwa hiyo, kesi ikiwa ingali mbele ya hakimu, avoka aombe patroni alipe kiasi fulani kwa kila siku atakayokawia kukurudisha. Aombe pia fidia itajwe kwa hesabu. Mwenzetu hakuombewa ile ya kila siku, na sasa inamuuma.

Jambo lingine ni muda, na hapa wamama tunapoteza sana. Mshahara usiolipwa unadaiwa ndani ya mwaka 1 tangu siku ulipopaswa kulipwa. Madai mengine mengi ya kontra, miaka 3. Tunakaa tukisema, "Patroni ni mtu wa kanisa letu, atalipa tu," na mwaka unapita. Tena huwezi kwenda tribinali moja kwa moja: lazima kwanza kupita kwa Inspekteri wa Kazi ajaribu kuwapatanisha, la sivyo kesi haipokelewi. Basi nenda mapema, na kontra yako na karatasi za mshahara, hata kama zimechakaa.

Tulimuuliza mwenzetu kama bado anataka kurudi pale. Alifikiri kidogo, akimnyonyesha mtoto. "Nilitaka," alisema. "Sasa nataka pesa zangu."

Jumatatu anaenda kwa karani kuomba nakala yenye muhuri. Mweka hazina wetu atamsindikiza, kwa sababu nakala inalipiwa, na chama kimekubali kumkopesha.