Rimu na Tairi za Gari Dogo: Hakikisha Zinaingia Kabla Pesa Haijatoka

Kutuma pesa kwa namba isiyo sahihi ni jambo linalotokea, na ukiwahi kupigia huduma kwa wateja kuna njia ya kufuatilia. Lakini ukilipia rimu nne kwa muuzaji uliyemchagua mwenyewe, kwa bei mliyokubaliana, halafu jioni fundi akwambie haziingii, huo kwetu ni muamala sahihi. Till ni yake, jina ni lake, pesa imefika. Hatuwezi kuingia kwenye akaunti yake tuzichukue kwa sababu matundu ya nati hayalingani. Itabidi urudi kwake mzungumze, na kama duka liko ng'ambo ya mpaka, mazungumzo hayo si rahisi.

Ndiyo maana leo tunaongea mambo ya magurudumu. Hapa Busia na Malaba gari dogo ni kazi: Vitz inayoleta omena kutoka Port Victoria, Probox inayobeba abiria na magunia, Honda Fit ya mwalimu anayepita Alupe kila asubuhi. Gurudumu lisilokaa sawa linakula pesa. Na kwenye barabara tunayogawana na malori yanayoelekea Malaba, linaweza kuchukua kitu kikubwa kuliko pesa.

Anza na mlango wa dereva

Usianze kwa kusoma tairi iliyo kwenye gari sasa hivi. Magari yetu mengi yamepitia mikono kadhaa, na huenda mwenye gari wa zamani alibadilisha saizi bila kumwambia mtu.

Fungua mlango wa dereva, utazame kwenye nguzo ya mlango. Kuna bandiko. Gari likitoka Japani maandishi yatakuwa ya Kijapani, lakini namba zinasomeka. Utaona saizi ya tairi, kwa mfano 165/70R14, na presha, kwa mfano 220 kPa. Hiyo 220 ni kama 32 kwenye geji za psi za petroli stesheni zetu. Piga picha bandiko hilo uiweke kwenye simu. Kama limebanduka, chukua namba ya modeli ya gari lako, ile inayoanza na herufi kama SCP au NCP, umpe mtu wa spea anayeaminika akutafutie saizi ya kiwandani.

Namba za tairi zinasema nini

Tuchukue 175/65R14 82T, saizi ya kawaida kwa magari madogo.

- 175 ni upana wa tairi kwa milimita.
- 65 ni kimo cha ubavu, yaani asilimia 65 ya ule upana. Hapa ni kama milimita 114.
- R ni radial, muundo wa nyuzi za ndani.
- 14 ni kipenyo cha rimu kwa inchi. Tairi ya 14 haikai kwenye rimu ya 15, hata fundi awe na nguvu vipi.
- 82 ni uwezo wa kubeba: kilo 475 kwa tairi moja.
- T ni mwendo wa juu: kilomita 190 kwa saa.

Wengi huruka namba ya uwezo wa kubeba, na hapa kwetu ndiyo yenye kesi. Probox za kuanzia 2014 hutoka kiwandani na tairi za mizigo za 155/80R14 zenye namba 88, yaani kilo 560 kila moja. Tairi ya Vitz ya 165/70R14 huwa na 81, yaani kilo 462. Zote ni za rimu ya 14, kwa hivyo ya Vitz itavalishwa kwenye rimu ya Probox bila shida. Lakini umepoteza karibu kilo 98 kwa kila gurudumu, na gunia la mahindi ni kilo 90. Pakia gari kama kawaida na tairi hizo zitachemka, hasa presha ikiwa chini. Tairi ikipasuka barabarani tunasema ilikuwa mbovu, kumbe ilikuwa inabebeshwa kisicho chake.

Rimu: si kila matundu manne ni sawa

Muuzaji atakwambia, "Boss, hizi ni za matundu manne, zinaingia gari zote ndogo." Si kweli.

Cha kwanza ni umbali kati ya matundu. Kwenye rimu ya matundu manne, pima kutoka katikati ya tundu moja hadi katikati ya tundu lililo mkabala nalo. Vitz, Probox, Demio, Honda Fit na Nissan Note ya kizazi cha kwanza zote ni milimita 100, huandikwa 4x100. Nissan Tiida ni 4x114.3. Kwa hivyo Note na Tiida, zote Nissan na mara nyingi zimepaki pamoja, haziwezi kuazimana rimu. Futi ya fundi cherehani inatosha kukuonyesha tofauti hiyo ya sentimita moja na nusu hivi.

Tofauti ikiwa ndogo ndiyo hatari zaidi. Volkswagen Golf nyingi za matundu matano ni 5x112, na magari mengi ya Japani ni 5x114.3. Ni milimita mbili tu. Mtu akilazimisha, nati zitaingia zikiwa zimepinda na rimu haitalala vizuri. Kama rimu inahitaji kulazimishwa, iache.

Cha pili ni tundu la katikati, lile linaloingia kwenye haba. Kwa Vitz na Demio ni milimita 54.1, Honda Fit 56.1, Note 60.1. Sasa ona: zote ni 4x100, lakini rimu ya kiwandani ya Vitz haiingii kwenye haba ya Fit kwa sababu tundu ni dogo. Ya Fit itaingia kwenye Vitz, ila itabaki nafasi, na gari linaweza kuanza kutetemeka stelingi ukifika 80. Utalipia balansi mara tatu na mtetemo hautaisha, kwa sababu tatizo halikuwa balansi. Rimu za sport za dukani mara nyingi zina tundu la 73.1 ili ziingie magari mengi. Hizo zinahitaji pete za kujazia nafasi, za plastiki au aluminiamu. Uliza pete kabla hamjapatana bei, usije ukauziwa baadaye kama kitu cha ziada.

Cha tatu ni namba ya ET, iliyochongwa nyuma ya rimu, kwa mfano ET45. Inaonyesha rimu itakaa ndani au nje kiasi gani. Namba ikiwa ndogo sana kuliko ya kiwandani, gurudumu linatokeza nje, linagusa fenda ukipakia mzigo, na beringi zinachoka mapema. Ikiwa kubwa sana, gurudumu linaingia ndani na linaweza kusugua shokabu. Geuza rimu yako ya sasa, soma, kisha tafuta inayokaribiana nayo.

Nati nazo zina saizi

Toyota, Honda na Mazda ndogo hutumia nati za uzi wa 12x1.5. Nissan na Suzuki ni 12x1.25. Ukichanganya, nati itaingia mizunguko miwili kisha itakata uzi wa studi. Nati sahihi inaingia kwa vidole mizunguko kadhaa kabla spana haijaguswa.

Angalia pia umbo la sehemu inayokaa kwenye rimu. Nati za kiwandani za Honda zina mviringo kama mpira. Rimu nyingi za sport zinataka nati zenye ncha ya mteremko. Baadhi ya rimu za aloi za Toyota zinataka nati bapa zenye washa. Ukinunua nati mpya, weka zile za zamani kwenye buti, maana tairi ya spea huenda bado inazihitaji. Halafu zirudie kuzikaza kabla ya kilomita 100, yaani kabla hujamaliza safari ya Busia hadi Kisumu.

Nikitaka rimu kubwa kidogo je?

Inawezekana, mradi kimo chote cha gurudumu kisibadilike sana. 175/65R14 ina kimo cha milimita 583. 185/55R15 ni kama 585, kwa hivyo inakaribiana kabisa. Lakini 185/65R15 ni kama 622, zaidi kwa karibu asilimia 7. Hapo tairi inaweza kugusa matope-gadi ukikata kona, na spidomita ikisema 80 wewe uko 85.

Kumbuka pia ubavu. Ile 185/55R15 ina ubavu wa kama milimita 102, dhidi ya 114 za awali. Kama kazi yako ni lami tupu, sawa. Kama ni mashimo na murram za ndani ndani Butula au Budalang'i, ubavu mnene ndio unaokinga rimu isipinde.

Mitumba: soma umri

Tairi ya mitumba inaweza kuwa na meno mazuri na bado ikawa imezeeka. Tafuta neno DOT ubavuni, na mwishoni mwake tarakimu nne. 2319 ni wiki ya 23 ya mwaka 2019. Pinda raba kwa vidole, na ukiona nyufa ndogo ndogo, achana nayo. Ndani ya mifereji ya meno kuna vinundu vidogo. Meno yakiwa sawa na vinundu hivyo, imebaki milimita 1.6 tu, na kwenye mvua tairi hiyo haitashika barabara.

Ukinunua ng'ambo

Tangu kituo cha pamoja cha mpakani cha Busia kifunguliwe rasmi Februari 2018, kuvuka kumekuwa kwepesi zaidi, na ni kawaida mtu kutafuta bei upande wa pili. Ila jua hili: mpango rahisi wa biashara mpakani wa Jumuiya ya Afrika Mashariki, ule wa bidhaa zisizozidi dola 2,000, ni wa bidhaa zilizo kwenye orodha yake na zilizotoka ndani ya Jumuiya. Rimu na tairi zilizotoka Japani haziingii hapo. Waulize maafisa wa forodha ushuru ni ngapi kabla hujalipa muuzaji, kisha ujumlishe. Na ukituma pesa kwa laini ya Uganda, soma kiwango cha kubadilisha na ada kwenye skrini kabla ya kuweka namba ya siri. Bei poa inaweza kuishia hapo.

Lipa hivi

1. Kwanza jaribu. Mwambie muuzaji kwa upole: "Fundi, tufunge moja mbele na moja nyuma, zikikaa sawa nalipa zote." Mbele kuna kalipa za breki, kwa hivyo rimu inayoingia nyuma inaweza kukwama mbele. Izungushe kwa mkono, kata stelingi kushoto na kulia hadi mwisho, sikiliza kama kuna kitu kinagusa.

2. Kama ni lazima uweke diposti, iwe kidogo, na mkubaliane kwa maandishi kwamba inarudi rimu zisipoingia. Ujumbe mfupi wa simu unatosha: "Rimu 4, inchi 14, 4x100, za Vitz. Zisipoingia narudishiwa diposti." Asubiriwe ajibu "Sawa" ndipo utume.

3. Lipa kwa till ya duka, si kwa namba ya "kijana wangu". Soma jina linalotokea kabla ya kuweka namba ya siri. Jina likiwa geni, simama uulize.

4. Usilipe rimu za picha. Picha haionyeshi ET wala tundu la katikati. Kama muuzaji yuko mbali, mwambie apige picha ya nyuma ya rimu namba zikionekana, na mzigo ulipwe ukifika.

5. Hifadhi ujumbe wa malipo pamoja na risiti. Bila hivyo, mkija kuzozana itakuwa neno lako dhidi ya lake.

Na wewe muuzaji: usiachilie rimu kwa kuonyeshwa ujumbe kwenye simu ya mnunuzi. Ujumbe unaweza kuandikwa na mtu yeyote. Angalia salio lako mwenyewe kwanza, ndipo mzigo uingie kwenye buti.

Leo jioni, gari likiwa limepaki, chukua dakika tano. Jitumie ujumbe wenye vitu sita: saizi ya tairi, namba ya uwezo wa kubeba, umbali wa matundu, tundu la katikati, ET, na uzi wa nati. Siku tairi itakapokuchezea Bumala saa moja usiku, hutaanza kubahatisha na hutategemea neno la mtu anayetaka kufunga duka aende nyumbani. Utamsomea namba zako, aangalie alichonacho, na kama hakuna kinacholingana pesa yako itabaki kwenye simu yako.