Kisasi cha Wakaliga: damu imemwagika, muuaji hajulikani

KAMPALA – Katika filamu ya Kikorea "I Saw the Devil" ya mwaka 2010, kazi ya mwongozaji Kim Jee-woon, mtazamaji anamjua muuaji mapema. Mchumba wa marehemu anamkamata, anamtesa, kisha anamwachia makusudi ili amkamate tena. Mwisho wake kisasi kinamla mlipaji mwenyewe.

Mwaka huohuo, katika mtaa wa Wakaliga hapa Kampala, Nabwana Isaac alikuja na kisasi cha namna nyingine. Jina la filamu yake ni swali: "Who Killed Captain Alex?", yaani nani kamuua Kapteni Alex?

Richard, bosi wa genge la Tiger Mafia, anataka kulipiza kukamatwa kwa ndugu yake. Anatuma watu wamteke Kapteni Alex, nao wanamkuta keshakufa. Anatokea Bruce U, ndugu wa kapteni na bingwa wa kung fu, naye anadai damu ya nduguye. Ndugu wawili, hasira mbili, na Kampala inalipuliwa kwa helikopta. Muuaji hatajwi hadi mwisho. Watu hucheka, maana helikopta ni ya kompyuta na inaonekana hivyo, lakini kisa chenyewe ni kikali: mji unaungua kwa kosa ambalo hakuna aliyelithibitisha.

Gharama inayotajwa ni chini ya dola 200. Bunduki ziliundwa kwa vyuma chakavu na Dauda Bisaso, na damu ni rangi iliyojazwa ndani ya kondomu. Nabwana, aliyewahi kufyatua matofali, alihariri kwa kompyuta aliyoiunga mwenyewe.

Kuuza ndiko kulikokuwa na vita halisi. Waigizaji walipita mlango kwa mlango wakiuza DVD, wengine wakiwa wamevaa mavazi ya filamu, na walikuwa na takriban wiki moja kabla ya nakala za wizi kujaa mitaani. Mfanyabiashara wa Kikuubo au Gikomba aliyewahi kuona mzigo wake ukiigwa hahitaji kuelezwa hesabu hiyo.

Halafu kuna sauti. Kwenye mabanda ya video ya Kampala, filamu ya kigeni haitazamwi bila VJ anayeitafsiri kwa Kiganda na kuitia utani, kama DJ Afro alivyofanya Kenya na Lufufu Tanzania. VJ Emmie aliitilia filamu ya Wakaliga maneno kwa Kiingereza, akiisifu, akiidhihaki, akiwaonya wahusika. Wapo wanaomwona msumbufu. Bila yeye, hata hivyo, dakika nyingi zingepwaya.

Na hakuna njia ya kumkwepa. Nabwana alifuta faili za awali kwenye kompyuta yake ili apate nafasi ya kutengeneza filamu nyingine. Nakala iliyosalia, ambayo mamilioni wameitazama YouTube, ni ile yenye sauti ya Emmie.