Mabaunsa wa disko lisilo na mlango

Leo twende San Francisco, Marekani, Machi 2007. Kijana mmoja, Justin Kan, alibandika kamera kwenye kofia akaanza kurusha maisha yake laivu kwenye intaneti, saa 24. Akila unamwona, akitembea unamwona, akilala kamera iko macho. Kituo akakiita Justin.tv.

Watu wakaja. Na wahuni nao wakaja. Palikuwa na sehemu ya kupiga soga, lakini wengine walifuata kumtibua tu. Kuna aliyewapigia polisi kwamba nyumba ile mtu kachomwa kisu. Polisi wakaibuka kweli, watazamaji wanacheka! Mimi sioni cha kuchekesha: askari anaingia kwako akiamini kuna muuaji, na bastola anayo.

Oktoba mwaka huohuo kituo kikafunguliwa kwa kila mwenye kamera. Kasheshe! Wahuni wanapatana kwingine, kisha wanamvamia mtu mmoja kwa mpigo. Matusi yanamiminika hadi ujumbe wa rafiki zake hauonekani. Dawa ikawa mabaunsa: watazamaji wa kawaida waliopewa rungu la kunyamazisha na kutimua. Mshahara? Thubutu! Na aliyetimuliwa anarudi sasa hivi na jina jipya. Baunsa wa disko angalau anakumbuka sura ya mkorofi.

Ikaja Novemba 2008. Kijana wa miaka 19 huko Florida alijiua mbele ya kamera, kwenye mtambo huohuo. Wapo waliomchochea, wapo waliodhani anaigiza. Kwa vurugu zile za kila siku, nani angejua lipi la kweli? Waliposhtuka na kuita polisi, keshakata roho. Baba yake aliwalaumu waziwazi waliotazama pamoja na wenye mtambo.

Justin.tv ilizaa Twitch mwaka 2011, ya wacheza gemu, na yenyewe ikazimwa Agosti 2014. Mwezi huohuo Amazon ikakubali kuinunua Twitch kwa dola milioni 970. Mihela yote hiyo, bado Agosti 2021 wahuni walirudi na programu zinazomwaga majina ya bandia kwa mamia, wakiwaandama hasa weusi na mashoga. Septemba 1 watangazaji kibao wakagoma siku nzima, kamera zimezimwa. Mwisho wa mwezi ndipo Twitch ikawaruhusu wenye vituo kudai namba ya simu iliyothibitishwa kabla mtu hajaandika neno. Wakati huo ilikuwa imepita miaka 14 tangu wale polisi waende kwa Justin.