Shahidi Mwadilifu Naye Hukosea: Amana ya Macho Mbele ya Hakimu

Khutba nyingi zimesomwa misikitini mwetu juu ya ushahidi wa uongo, na ni haki zisomwe. Katika hadithi ya Abu Bakra (RA), waliyoipokea Bukhari na Muslim, Mtume (SAW) aliyataja madhambi makubwa hali ameegemea. Alipofikia ushahidi wa uongo aliinuka akakaa, akalikariri neno hilo mpaka masahaba wakatamani lau angenyamaza. Muumini aliyeisikia hadithi hiyo hathubutu kupanda kizimbani aseme uongo kwa kusudi.

Liko hata hivyo kosa jingine ambalo huzungumzwa kwa nadra. Ni kosa la mtu mwadilifu, mwenye kudumu katika safu ya mbele, asiye na kinyongo na mtuhumiwa, anayeapa kwa moyo safi kwamba fulani ndiye aliyemwona, kumbe siye. Huyu hakusema uongo. Lakini mtu aliyefungwa kwa maneno yake amefungwa vilevile kama aliyefungwa kwa uongo.

Kwetu Bangwe, na mwambao wote wa Kigoma na Ujiji, jambo hili lina uzito wa pekee, kwa kuwa kazi yetu kubwa ni ya usiku. Wavuvi wa dagaa huingia ziwani giza likishatanda, na usiku usio na mbalamwezi ndio wenye riziki, maana dagaa hufuata mwanga wa taa. Injini ya mtumbwi ikiibwa au mtu akivamiwa mwaloni, tukio hutokea baina ya taa kali na kivuli kizito, tena kwa dakika chache. Kukicha, jina limekwisha kutajwa. Pengine umati hutaka kumhukumu mwenye jina hilo kabla polisi hawajafika. Pengine hufikishwa mahakamani, na kinachosimama baina yake na gereza ni macho ya jirani mmoja.

Kwa sababu hiyo, sisi wa kamati ya msikiti tumeona tuwaandikie wazazi na vijana wetu. Yeyote kati yetu aweza kuitwa shahidi kesho, na yeyote aweza kuwa ndiye anayenyooshewa kidole.

Mashahidi wawili mbele ya Sayyidna Ali

Katika Sahih al-Bukhari, kitabu cha diya, imepokewa kutoka kwa ash-Sha'bi kisa cha watu wawili waliomshuhudia mtu kwa wizi mbele ya Sayyidna Ali (RA). Ushahidi wao ukakubaliwa na mtu yule akakatwa mkono. Kisha wakarudi na mtu mwingine, wakasema kwamba walikosea, mwizi hasa ni huyu wa pili. Sayyidna Ali aliukataa ushahidi wao juu ya yule wa pili na akawatoza diya ya yule wa kwanza. Akawaambia kwamba lau angejua walifanya kusudi, angeliwakata mikono wao.

Tukizingatie kisa hiki. Mashahidi walikuwa wawili, idadi iliyotimia, nao hawakuthibitishwa kuwa waongo. Hata hivyo mkono uliokatwa haukurudi. Wingi wa mashahidi haukuwa kinga, kwani macho manne yaweza kukosea pamoja kama yanavyokosea mawili. Na kukosea bila kusudi hakukuwaondolea dhamana: walilipa.

Wanazuoni wetu wa hadithi walilifahamu jambo hili mapema. Ili riwaya ya mtu ikubaliwe, hawakutosheka na uadilifu wake. Walisharutisha pia dhabti, yaani uwezo wa kulidaka jambo sawasawa, kulihifadhi na kulifikisha kama lilivyokuwa. Wapo wacha Mungu wakubwa ambao riwaya zao ziliachwa kwa udhaifu wa dhabti, wala haikuhesabika kuwa wamevunjiwa heshima.

Ibn Khallikan anasimulia kwamba kundi la watu walikuwa wakiutazamia mwezi wa Ramadhani, na miongoni mwao alikuwapo Anas bin Malik (RA), umri wake ukikaribia miaka mia. Anas akasema ameuona, akawa anaashiria, na wengine hawaoni kitu. Iyas bin Muawiya, kadhi mashuhuri wa Basra, akamtazama, akaona unywele mweupe wa nyusi umejikunja mbele ya jicho lake. Akaulainisha kwa mkono wake, kisha akamwomba amwoneshe tena ulipo mwezi. Anas akatazama, akasema hauoni. Nani atautilia shaka ukweli wa sahaba aliyemtumikia Mtume (SAW)? Kadhi hakuugusa ukweli wake. Alichunguza hali ya kuona kwake. Sisi tunaousubiri mwezi ukiandama magharibi, juu ya ziwa na milima ya Kongo, tunaelewa jinsi wingu jembamba na shauku ya Idi vinavyoweza kulihadaa jicho.

Mahakama zetu zinauliza nini

Sheria ya Ushahidi ya Tanzania ya mwaka 1967 inataka jambo lililoonwa lithibitishwe na yule aliyeliona mwenyewe, wala haikuweka idadi maalumu ya mashahidi. Mtu aweza kutiwa hatiani kwa ushahidi wa mmoja. Kwa kuwa mlango huo ni mpana, majaji wameulinda kwa tahadhari. Mwaka 1953 Mahakama ya Rufani ya Afrika Mashariki, katika shauri la Abdallah bin Wendo, ilionya kwamba ushahidi wa utambuzi wa shahidi mmoja upimwe kwa uangalifu mkubwa, hasa pale mazingira ya kuona yalipokuwa magumu.

Msingi unaotajwa zaidi hapa nchini ni ule wa shauri la Waziri Amani dhidi ya Jamhuri, la mwaka 1980. Mahakama ya Rufani ya Tanzania ilisema kuwa mahakama isiutegemee utambuzi wa macho mpaka uwezekano wote wa kukosea uwe umeondoka. Ikaweka maswali ya kuulizwa: Shahidi alimwona mtuhumiwa kwa muda gani? Kwa umbali gani? Ilikuwa mchana au usiku? Mwanga ulikuwaje? Je, alikuwa akimfahamu kabla?

Katika mashauri yaliyofuata, Mahakama hiyo imeeleza kwamba haitoshi shahidi kusema palikuwa na mwanga. Lazima aeleze ni mwanga wa nini, ulikuwa na nguvu kiasi gani na ulimulika eneo gani. Mvuvi yeyote analijua hilo: taa inayoangaza maji hulipofusha jicho linaloitazama, na aliye nyuma ya taa huonekana kivuli tu. Katika shauri la Marwa Wangiti Mwita, lililomo katika Ripoti za Sheria za Tanzania za mwaka 2002, ilisemwa pia kwamba shahidi kumtaja mtuhumiwa mapema iwezekanavyo ni dalili kubwa ya kuaminika kwake, na kwamba kuchelewa bila maelezo kunaitia mahakama shaka.

Wengi hudhani kumfahamu mtu kunamaliza shaka. Mahakama ya Rufani ya Uingereza ilikumbusha mwaka 1976, katika shauri la Turnbull, kwamba watu hukosea hata katika kuwatambua jamaa na rafiki zao wa karibu. Mahakama zetu nazo zimeutilia maanani ukumbusho huo. Nani kati yetu hajamwita mtu njiani kwa jina la nduguye, akageuka mgeni?

Swali linavyoweza kulijaza jicho

Kosa haliingii wakati wa kuona tu; huingia hata baadaye, katika kumbukumbu. Mwaka 1974 watafiti wa Marekani, Elizabeth Loftus na John Palmer, waliwaonesha wanafunzi 150 filamu ya ajali ya magari. Hamsini waliulizwa mwendo wa magari yalipogongana, na hamsini wengine waliulizwa mwendo yalipopondana. Baada ya wiki moja wote waliulizwa kama waliona vioo vilivyovunjika. Katika filamu havikuwamo. Kati ya walioulizwa kwa neno la kugongana, 7 walisema waliviona. Kati ya walioulizwa kwa neno la kupondana, 16. Neno moja la muulizaji lilitosha kuongeza idadi ya walioona kisichokuwapo.

Basi tufikirie yanayotokea barazani na mwaloni asubuhi ya tukio, watu kumi wanapomzunguka aliyeibiwa, kila mmoja akimtupia jina.

Wajibu wetu majumbani

Kwanza, aliyeona aende upesi polisi au kwa viongozi wa mtaa, aseme aliyoyaona kabla hajayasikia ya wenzake. Kama anamjua mtu, amtaje hapo hapo. Kama hamjui, aeleze umbo, mavazi na alama alizoziona, maana maelezo hayo ndiyo yatakayopimwa akiitwa kwenye gwaride la utambuzi.

Pili, akiulizwa mbele ya hakimu, aseme kiasi alichoona bila kuzidisha. Kusema kwamba aliona mgongo na sauti aliisikia kwa mbali ni ushahidi kamili wa mwenye amana. Kusema hakumtambua si woga. Wala asimwonee haya wakili anayemhoji juu ya taa na umbali; kazi yake hapo ni ile aliyoifanya Iyas.

Tatu, wazazi tujihadhari na namna tunavyowauliza watoto. Mtoto aulizwe aliona nini, aachwe aseme kwa maneno yake. Akiwekewa jina mdomoni, atalirudisha kwa kuwa anataka kuturidhisha, na baada ya siku chache atakuwa analiamini.

Nne, asiwepo miongoni mwetu anayeinua jiwe kwa jina lililotajwa gizani. Mahakama yenye majaji na mawakili bado inahofia kosa la jicho; umati utakuwa na uhakika gani?

Hatusemi watu wakimbie kutoa ushahidi. Aya ya 283 ya Suratul Baqara inaeleza kuwa anayeuficha, moyo wake una dhambi, na wezi wangefurahi sana tukinyamaza. Tunachosema ni kwamba ushahidi una haki mbili: usifichwe, na usizidi kile jicho lilichokidaka. Aya ya 36 ya Suratul Israa inatukataza kufuata tusiyoyajua, na inatukumbusha kwamba masikio, macho na moyo vyote vitaulizwa. Kabla hatujaulizwa na hakimu, basi, tuliulize jicho letu wenyewe: lilikuwa umbali gani, kwa mwanga gani, kwa muda gani?

Wallaahu a'lam.