Je, Wajua? Mzaliwa wa Moshi aliyecheza barafuni

Asubuhi za Juni, watu wa Kasulu na Kibondo hutoka wamejitanda vitenge na makoti, lakini maji ya ndoo hayagandi. Hata hivyo, Tanzania ina mzaliwa wake aliyeishi kwa barafu. Chris Nielsen, aliyekuwa mshambuliaji wa kulipwa wa mpira wa magongo wa barafuni, alizaliwa Moshi mwaka 1980, akapikwa kimchezo Calgary, Kanada. Mwaka 1998 alichaguliwa na timu ya New York Islanders, ila katika NHL, ligi kuu ya Amerika Kaskazini, aliichezea Columbus Blue Jackets: mechi 52, mabao 6. Machache? Wengi hawaonji hata mechi moja.

Mshambuliaji wa mchezo huu hamalizi kipindi uwanjani. Huteleza kwa kasi chini ya dakika moja, akapumzika benchi, akarudi tena. Wanachogombea wachezaji si mpira bali kisahani cha raba ngumu, kinachogandishwa kabla ya mechi ili kisidundedunde.

Afrika Mashariki nayo ina barafu yake: uwanja wa kuteleza ulifunguliwa Nairobi mwaka 2005, ndani ya jengo la hoteli ya Panari.