Msukule: Mtu Aliyepoteza Jina Lake na Maradhi Yanayomficha

Katika Nyanda za Juu Kusini, kuanzia Iringa hadi Mbeya, si rahisi kumpata mtu mzima asiyejua maana ya msukule. Kwa mujibu wa imani hiyo, mtu huonekana amekufa, akaliliwa na kuzikwa, ilhali kilichomo kaburini ni mgomba uliogeuzwa sura. Mwenyewe amechukuliwa na wachawi, akakatwa ulimi, akalishwa pumba, naye hulima usiku katika mashamba ya aliyemchukua. Hakumbuki tena jina lake wala kwao. Wengine humwita ndondocha. Kila baada ya muda huzuka habari kwamba marehemu fulani ameonekana akitangatanga, na umati hukusanyika kumtazama.

Makala haya hayakusudii kuwacheka wanaoamini hayo. Yanauliza swali la kitabibu: mtu huyo aliyeonekana, aliye hai, mwenye nguo chakavu, asiyesema na asiyejua atokako, ni nani, na anaugua nini? Imani yaweza kujadiliwa kwa miaka mingi; mgonjwa, mara nyingine, ana saa chache tu.

Swali hili liliwahi kuulizwa mbali na kwetu. Nchini Haiti kuna imani inayokaribiana sana na ya msukule, nayo ni ya zombi. Mwaka 1997, Roland Littlewood wa Uingereza na Chavannes Douyon wa Haiti walichapisha katika jarida la The Lancet matokeo ya uchunguzi wa watu watatu waliodaiwa na familia kuwa ni marehemu wao waliorudi. Mmoja alionekana kuwa na skizofrenia ya aina inayomfanya mgonjwa akae kimya bila kujongea. Wa pili alikuwa na athari za ubongo pamoja na kifafa. Wa tatu alikuwa na ulemavu wa akili. Vipimo vya vinasaba vilionyesha kwamba wawili kati yao hawakuwa na undugu wa damu na familia zilizowadai. Walikuwa wagonjwa wa watu wengine, na pengine ndugu zao halisi walikuwa wangali wakiwatafuta.

Ili kuelewa jinsi mtu anavyoweza kufikia hali hiyo, yafaa tujue kwamba kumbukumbu si kitu kimoja. Kuna kumbukumbu ya mambo yaliyomfika mtu, kuna ya maarifa na maneno, na kuna ya ustadi wa mikono. Ndiyo maana mgonjwa aliyesahau chakula alichokula asubuhi aweza bado kushika jembe na kupalilia vizuri. Tukimwona mtu hajui alikolala jana lakini analima bila kuelekezwa, hatuna haja ya kumtafuta aliyemfundisha usiku. Ubongo huhifadhi mambo hayo katika sehemu tofauti.

Maradhi yanayoweza kuleta hali hiyo yapo katika mazingira yetu. La kwanza ni kifafa. Baada ya degedege, mgonjwa huweza kubaki katika bumbuwazi, akatembea asikojua, huku ulimi wake ukiwa na jeraha la kuuma meno. Chanzo kimojawapo cha kifafa ni mayai ya tegu wa nguruwe. Mtu mwenye tegu tumboni hutoa mayai katika kinyesi. Mayai hayo yakiingia kinywani kwa maji, mboga au mikono michafu, viluwiluwi vyake huweza kufika katika ubongo. Hivyo hata asiyeonja kitimoto maishani mwake yumo hatarini, iwapo jirani hana choo na nguruwe huzurura ovyo. Uchunguzi uliofanywa Mbozi, wakati wilaya hiyo ikiwa bado katika Mkoa wa Mbeya, ulithibitisha kwamba maambukizi haya yapo kwa wanadamu na si kwa nguruwe peke yao.

La pili ni pombe pamoja na njaa iliyofichika. Anayeshinda kilabuni akinywa ulanzi au komoni bila kula hupungukiwa vitamini B1. Upungufu huo ukikomaa huharibu uwezo wa kuhifadhi mambo mapya, na mgonjwa huanza kuziba mapengo kwa visa visivyotokea, bila nia ya kudanganya. Hapa pana hatari kubwa. Umati ukimuuliza, “Je, ulikuwa unalimishwa usiku?” aweza kuitikia, kisha jibu lake likachukuliwa kuwa ushahidi. Vilevile, anayeishi kwa ugali mtupu bila maharage, karanga, samaki wala nyama huweza kupata pelagra, maradhi ya upungufu wa niasini, ambayo huchubua ngozi, huharisha, na hatimaye huvuruga akili.

La tatu ni maambukizi: malaria kali, homa ya uti wa mgongo, kaswende iliyofika ubongoni, na virusi vya UKIMWI, ambavyo maambukizi yake katika mikoa ya Njombe, Iringa na Mbeya ni miongoni mwa ya juu zaidi nchini. Kiharusi nacho huweza kumnyang'anya mtu usemi hali ulimi wake ni mzima. Kwa wazee, kuna ugonjwa wa ubongo unaofuta kumbukumbu polepole.

Mwisho kuna majeraha ya nafsi. Katika maradhi mengi ya ubongo, jina la mtu mwenyewe ni katika mambo yanayodumu muda mrefu zaidi. Anayesahau ghafla jina lake na maisha yake yote, huku akizungumza vizuri na kujifunza mambo mapya, mara nyingi amepatwa na mshtuko mkubwa. Huyu naye haigizi. Anahitaji utulivu na tiba, na wengi hurejewa na kumbukumbu.

Kwa nini basi familia humtambua mgeni kuwa ni mtoto wao? Kifo cha ghafla cha kijana huacha swali lisilo na jibu, na msiba huyafanya macho yaone kinachotamaniwa. Jambo hilo ni la kibinadamu. Lakini gharama yake ni kubwa. Mgonjwa hupewa jina lisilo lake na kukosa dawa. Familia yake halisi humpoteza mara ya pili. Na jirani, mara nyingi mzee, hutuhumiwa kuwa ndiye aliyemchukua. Sheria ya Uchawi, iliyotungwa mwaka 1928 na ambayo ingali ikitumika, inakataza kumtaja mtu kuwa mchawi.

Anapoonekana mtu wa namna hii, atengwe na umati, apewe maji na chakula kidogo iwapo yu macho na anameza, kisha afikishwe kituo cha afya siku hiyohiyo. Akiwa na homa, shingo ngumu, degedege au usingizi usio wa kawaida, hiyo ni dharura. Asiulizwe maswali yanayomtia maneno kinywani. Aachwe aeleze mwenyewe. Polisi na ofisa wa ustawi wa jamii wajulishwe ili watafute taarifa za waliopotea katika wilaya nyingine. Familia ikidai ni mtu wake, vipimo vya vinasaba hufanywa nchini na Mamlaka ya Maabara ya Mkemia Mkuu wa Serikali, kwa utaratibu uliowekwa na sheria ya mwaka 2009.

Majibu ya vipimo hivyo yakichelewa, tiba isingoje. Kifafa hutulizwa kwa vidonge, vitamini hurudishwa, malaria hutibiwa, skizofrenia hudhibitiwa. Wapo watakaotaja majina yao wenyewe baada ya siku chache za matibabu, nasi tutajua ni nyumba ipi ya kupelekewa habari.