Habari za Mbeya, Gazeti la Dar

Fungua gazeti lolote la kila siku linalochapwa Dar es Salaam, ufike ukurasa wa mikoani. Kila habari huanza kwa jina la mji lililokolezwa wino: Mbeya. Iringa. Zinafuata aya nne au tano, na aghalabu ni ajali, mauaji au ziara ya kiongozi. Sensa ya 2022 ilihesabu watu takriban milioni 3 na nusu katika mikoa hii miwili. Ina halmashauri 12, vyuo vikuu, chai ya Mufindi, mpunga wa Mbarali na viazi vya Uporoto. Gazeti la kila siku lenye chumba chake cha habari huko, na mhariri ambaye msomaji akiudhika anaweza kumfuata ofisini kwa miguu, haina.

Katika taaluma yetu magazeti hugawanywa kwa eneo yanalolihudumia. Lipo la taifa, lipo la jiji, lipo la mkoa au kanda. Ujerumani, kwa mfano, familia nyingi husoma gazeti la mkoa wao kwanza, na hata Süddeutsche Zeitung linalosomwa nchi nzima lina makao Munich, si Berlin. Kwetu ngazi ya mkoa au kanda haipo. Uhuru lililoanza 1961, Daily News lililozaliwa 1972, Nipashe, Mwananchi na HabariLeo yote yalianzia Dar es Salaam. Tunayaita ya taifa kwa sababu yanauzwa nchi nzima. Ukiyapima kwa habari yanazozipa uzito, naona mengi ni magazeti ya jiji moja yenye wasomaji wa mbali.

Si kwamba mikoa haijawahi kuwa na sauti yake. Kiongozi la enzi ya Mjerumani lilitoka katika shule ya serikali ya Tanga. Moshi ilikuwa na Komkya katika miaka ya 1950. Mwanza ilipata Elimu Haina Mwisho mwaka 1974, gazeti la watu waliokuwa ndiyo kwanza wanajua kusoma. Na mwanzoni mwa miaka ya 2010 Kwanza Jamii, likishirikiana na shirika la Daraja la Njombe, lilijaribu kuwaandikia watu wa Njombe na Iringa mambo ya kwao. Halikudumu.

Hasara ya kukosa gazeti la namna hiyo inaonekana vizuri ukitazama Usangu. Mwaka 2006 nchi ilikuwa gizani kwa mgawo wa umeme, na bwawa la Mtera lilikuwa limepungua mno. Mtera hulishwa na Ruaha Mkuu, na Ruaha Mkuu hutoka katika bonde la Usangu na ardhioevu ya Ihefu, wilayani Mbarali. Kwa msomaji wa Dar es Salaam habari ilikuwa umeme: utarudi lini, nani alaumiwe. Serikali iliwalaumu wafugaji, na mwaka huo huo operesheni ya kuwaondoa ikaanza. Wengine waliswaga ng'ombe wao hadi Lindi. Watafiti wa maji waliokuwa wamefanya kazi katika bonde hilo walikuwa na maelezo mapana zaidi, yaliyohusu umwagiliaji wa mpunga na jinsi mabwawa yenyewe yanavyoendeshwa. Mwaka 2008 likaja Tangazo la Serikali Namba 28 lililopanua Hifadhi ya Taifa ya Ruaha, na mgogoro wa vijiji na mipaka ukadumu miaka mingi baada yake.

Suala kama hilo haliishi kwa habari moja. Linataka mtu anayekwenda Rujewa na Ubaruku wiki baada ya wiki, anayejua mfereji upi unafungwa mwezi gani, aliyehifadhi alichoahidi mkuu wa wilaya wa kwanza ili amuulize wa tatu. Gazeti la taifa huja moto ukiwaka, likaondoka moshi ukitulia. Silaumu nia ya wahariri wake. Nafasi yao ni kurasa chache na mikoa ni mingi.

Anayebaki ni mwandishi wa kujitegemea wa mkoani. Wengi hulipwa kwa habari iliyochapwa tu. Isiyochapwa ni nauli yake iliyopotea. Tuseme baraza la madiwani linakaa, kama linavyokaa kila robo mwaka, na makabrasha yana mamia ya kurasa: makusanyo ya ushuru wa mazao, zahanati iliyoishia kwenye linta, hoja za mkaguzi ambazo hazijafungwa. Mwandishi anakaa kutwa nzima, anatuma maneno mia tano jioni, na kesho yanatoka mia moja, au hayatoki. Safari ijayo anachagua msafara wenye gari na posho, yaani msafara wa ofisi ile ile aliyopaswa kuihoji. Hapo habari inaanza kuwa ya aliyelipa mafuta, na uadilifu wa mtu mmoja mmoja hautoshi kuzuia hilo.

Kazi hiyo ina hatari pia. Tarehe 2 Septemba 2012 Daudi Mwangosi, mwandishi wa Channel Ten na mwenyekiti wa klabu ya waandishi wa habari Iringa, aliuawa kijijini Nyololo, Mufindi, akiwa kazini, mikononi mwa polisi waliokuwa wakizuia shughuli ya Chadema. Mwaka 2016 askari mmoja alihukumiwa kifungo cha miaka 15 kwa kuua bila kukusudia. Waandishi waliokuwa naye siku ile walirudi mezani kuandika kifo cha mwenzao.

Gazeti la Dar lenyewe nalo lilikuwa likichelewa kufika. Dar es Salaam hadi Mbeya ni zaidi ya kilomita 800, kupitia Mikumi na kona za Kitonga. Kwa miaka mingi, hadi 2023, mabasi hayakuruhusiwa kusafiri usiku kucha, kwa hiyo gazeti lililopakiwa kwenye basi la alfajiri lilishushwa Mbeya jioni, wakati vichwa vyake vilishasomwa redioni tangu asubuhi. Redio za huko, Ebony FM ya Iringa, Bomba FM na Baraka FM za Mbeya, zinafanya kazi kubwa na zinasikilizwa kweli. Lakini huwezi kumnyooshea mtendaji wa kata matangazo ya juzi ukamwambia soma hapa. Karatasi unaweza.

Kikwazo kikubwa ni matangazo. Benki, kampuni za simu na wizara huamua matumizi yao makao makuu. Zabuni za halmashauri, ambazo zingelilisha gazeti la kanda, kwa muda mrefu zilipelekwa kwenye magazeti yanayosambaa nchi nzima, na sasa zimehamia kwenye mfumo wa manunuzi wa serikali, NeST. Juu ya hayo, Sheria ya Huduma za Habari ya 2016 inamtaka mchapishaji mdogo awe na leseni kama mkubwa.

Kwa hesabu hiyo, gazeti la kila siku Mbeya ni ndoto ya mbali, na sishauri mtu aweke mtaji wake huko. La kila wiki linawezekana: kurasa 12, wachapishaji wakiwa chuo kimojawapo, chama cha ushirika na redio moja yenye waandishi tayari, likiuzwa kuanzia Tunduma hadi Ilula. Liwe na bei ya viazi Uyole na nyanya Ilula, na majina ya masoko ambako mkulima bado anafungiwa lumbesa ilhali sheria ya vipimo inataka gunia lisizidi kilo 100. Liwe na kesi za Mahakama Kuu Iringa. Na kila robo mwaka lichape, halmashauri kwa halmashauri, mapato na matumizi ambayo leo hubandikwa kwenye mbao za matangazo, likitaja kwa jina kila diwani aliyeuliza swali na jibu alilopewa.